Huyu Tandu Mwacheni Apite

Usiku wangu wa pili nyumbani kwa dada yangu, huko Maryland, Marekani, nilishuka besimenti, yaani chumba cha chini kabisa cha nyumba, wanakoweka mashine ya kufulia, masanduku ya nguo za baridi na kitanda cha mgeni. Nilipowasha taa, kitu kikakatiza ukutani. Kilikuwa na miguu kila upande, mirefu na myembamba, na kilikwenda kasi hata nikauona mwendo kabla sijaliona umbo. Kilipofika karibu na bomba la maji kikaganda, kimya, kama mchoro wa penseli kwenye ukuta mweupe. Nikavua kandambili.

“Mjomba, usimpige!” Mpwa wangu, msichana wa miaka tisa, alikuwa ngazini nyuma yangu na kapu la nguo chafu. “Huyo muache. Anakula mende.”

Nilishusha mkono, lakini moyo ulibaki juu. Nimekulia Tanga, na Tanga mtu hasubiri darasani ili amjue tandu. Kaka yangu alitumwa na bibi kuleta makumbi ya nazi uani ya kuchochea moto. Ilikuwa masika, rundo zima limelowa. Alipeleka mkono katikati ya makumbi, akautoa akipiga kelele zilizosikika mpaka nyumba ya tatu. Tandu alikuwa amening’inia kwenye kidole cha shahada, mnene, mwekundu wa kahawia, miguu yake ya manjano imemkamata mtoto wa watu kana kwamba hana nia ya kumwachia. Kidole kilivimba, kikafuata kiganja, kikafuata kifundo cha mkono. Bibi alichemsha maji, akatia chumvi, akayapima joto kwa kiwiko chake mwenyewe, kisha akauzamisha mkono wa kaka ndani ya sufuria. Usiku ule nyumba nzima haikulala, kwa sababu kaka hakulala.

Mtafunwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Unyasi wangu ulikuwa huyo wa Maryland. Nimegundua baadaye kwamba si wangu peke yangu. Ndugu na jamaa niliowatembelea Marekani, wengi wao wakiwa wameanza maisha katika vyumba vya chini kwa kuwa kodi yake ni nafuu, wote wanamfahamu mdudu huyu, wote humwita tandu, na karibu wote humuua. Kuhusu jina hawajakosea. Lakini hukumu wanayompa ni ya tandu mwingine.

Tuanze na jongoo, maana hata hapa nyumbani watu humchanganya na tandu. Jongoo ni mviringo, mwendo wake wa taratibu, akiguswa hujikunja. Pingili zake nyingi zina jozi mbili za miguu, na chakula chake ni majani na miti iliyooza. Tandu ni bapa, mwepesi, kila pingili ya kiwiliwili ina jozi moja tu ya miguu, na chakula chake ni wanyama wenzake. Jongoo ni mla taka, tandu ni mwindaji. Waingereza walimpa tandu jina lenye maana ya miguu mia, lakini hesabu hiyo haimfai, kwa sababu jozi za miguu ya tandu mzima karibu daima huwa namba witiri: 15, 21, 23, na kuendelea hadi 191 kwa wale wembamba wanaoishi udongoni. Ili upate miguu mia kamili unahitaji jozi 50, na 50 ni shufwa. Kiswahili kilimwita tandu tu, kikaepuka kosa hilo.

Tandu wa makumbi ya nazi, wale wakubwa wa kwetu, wana jozi 21. Wapo wanaozidi sentimeta 10 kwa urefu, miili yao imejaa, miguu yao mifupi na yenye nguvu. Yule wa besimenti ana jozi 15, na kiwiliwili chake ni kidogo ajabu, sentimeta mbili na nusu hadi tatu na nusu hivi. Kinachomfanya aonekane mkubwa ni miguu. Ukimpima pamoja na miguu na vipapasio unaweza kupata sentimeta saba hadi kumi. Rangi yake ni ya majivu yenye umanjano, mgongoni ana mistari mitatu myeusi inayokwenda toka kichwani hadi mkiani, na miguu yake ina mapete ya rangi mfano wa miguu ya baadhi ya mbu. Wanasayansi humwita Scutigera coleoptrata. Carl Linnaeus, yule Mswidi aliyewapanga viumbe kwa majina ya Kilatini, alimwandika mwaka 1758.

Kwao ni nchi zinazozunguka bahari ya Mediterania. Huko anaishi nje kama kiumbe mwingine yeyote, chini ya mawe, kwenye marundo ya majani na mapango yenye unyevu. Watu walipohama na mizigo yao alihama nao. Mwaka 1849 alikwisha kuonekana Pennsylvania, na kutoka hapo akapanda kaskazini mji kwa mji. Kule kwenye baridi kali hawezi kuhimili majira ya baridi nje, basi akaigeuza nyumba ya mwanadamu kuwa pango lake. Kufikia mwaka 1902 alikuwa ameenea kiasi kwamba C. L. Marlatt, mtaalamu wa wadudu wa Wizara ya Kilimo ya Marekani, alimwandikia waraka maalumu wa kuwaelimisha wananchi waliokuwa wakimwogopa. Miaka zaidi ya 120 imepita, na hofu ni ileile.

Niliamua kumtazama. Mpwa wangu alifunika taa ya simu kwa kitambaa, tukakaa kwenye ngazi usiku mbili mfululizo, yeye akiruhusiwa na mama yake hadi saa tatu tu.

Tulichokiona kwanza hakikuwa uwindaji. Tandu alikuwa juu ya ukuta, karibu na lile bomba, anajisafisha. Alikuwa akiukunja mguu mmoja kuuleta mdomoni, akiupitisha polepole toka juu hadi ncha, kama fundi cherehani anavyolainisha uzi kwa mate kabla ya kuutunga sindanoni. Akiumaliza anauweka chini, anachukua unaofuata. Miguu thelathini, hana haraka. Mpwa wangu alikuwa akihesabu kwa sauti ya chini, akapotea kwenye wa kumi na moja.

Miguu hiyo haina urefu mmoja. Kila jozi ni ndefu kidogo kuliko ile iliyo mbele yake, na hiyo ndiyo siri ya kutojikwaa anapokimbia, kwa sababu wa nyuma unapita nje ya ule wa mbele. Kasi yake hufika sentimeta 40 hivi kwa sekunde moja. Mwenye mwili wa sentimeta tatu akienda sentimeta 40 kwa sekunde amepita zaidi ya urefu wake mara kumi na tatu, na wewe hujamaliza kusema “loo!” Jozi ya mwisho haitumiki sana kukimbilia. Ni ndefu mno, kwa jike huweza kuuzidi mwili wake maradufu, na imeinuliwa nyuma kama vipapasio vya pili. Anayetaka kumvamia hajui kichwa kiko upande gani.

Ukitaka kumshika kwa mguu atakuachia mguu. Huukata mwenyewe pale penye kiungo, unabaki unatikisika peke yake sakafuni, na mwenye nao ameshaingia ufa wa ukuta. Atakapojivua gamba utaota mwingine.

Macho yake nayo hayafanani na ya tandu wetu. Tandu wakubwa wa kwetu wana vijicho vinne tu kila upande wa kichwa, na wale wa udongoni ni vipofu kabisa. Huyu ana macho makubwa yaliyoundwa na vijicho vingi vidogo, yanayofanana na ya nzi. Pamoja na hayo, gizani hutegemea zaidi mpapaso. Vipapasio vyake ni virefu, laini, vina pingili nyingi kupita kuhesabika kwa macho, na havitulii hata yeye mwenyewe akiwa ametulia.

Sasa jambo lililonishangaza kuliko yote, nami nimesoma mengi kuhusu viumbe wadogo. Tandu wengine hupumua kwa matundu yaliyo ubavuni. Huyu anapumulia mgongoni. Matundu yake yako katikati ya mgongo, saba tu, yamejipanga mstari mmoja, na kila moja linafunguka kwenye kifurushi cha vijirija vinavyofanya kazi mfano wa mapafu. Kutoka hapo hewa huchukuliwa na damu. Na damu hiyo haina hemoglobini yenye chuma kama yetu. Ina hemosianini, protini yenye shaba, ambayo ikishika oksijeni hugeuka buluu. Kaa na kamba wa baharini wanayo, nge anayo. Mvuvi wa Tanga aliyewahi kumpasua kaa na kushangaa mbona hakuona wekundu, ameiona damu ya ukoo huu. Kwa mwindaji anayekimbia kama upepo kisha akasimama ghafla, damu inayofikisha hewa upesi miguuni ni mtaji.

Usiku wa pili tulimwona akiwinda. Nondo mdogo wa rangi ya vumbi alikuwa akigonga-gonga ukuta karibu na dirisha dogo. Tandu alikuwa mbali, upana wa kanga hivi. Hakunyata. Alisimama tu, vipapasio vikienda huku na huku, kisha nikamwona mahali pengine, na nondo hakuwepo tena. Ilibidi tusogeze taa ndipo tukamwona nondo yuko chini yake, amefungwa na miguu sita au zaidi.

Neno ni hilo, amefungwa. Ncha za miguu ya tandu huyu zimegawanyika katika viungo vidogo vingi mno, hata mguu unaweza kujizungusha kama kamba ya kumfungia mbuzi. Akiwa anamtafuna mmoja anaweza kuendelea kuwashikilia wengine kwa miguu mingine. Na haumi kwa meno, ingawa sote husema tandu ameuma. Jozi ya kwanza kabisa ya miguu, iliyo nyuma tu ya kichwa, imegeuka kuwa koleo lenye ncha kali na mfuko wa sumu ndani yake. Anadunga kwa koleo, mdomo unafuata baadaye kwa kula. Ni hivyo kwa ukoo mzima wa tandu, wadogo kwa wakubwa. Akikutana na mwenye silaha kama nyigu, humdunga akarudi nyuma, akangoja sumu ifanye kazi yake.

Anachokula ndicho kinachompa haki ya kuishi nyumbani: mende, hasa wadogo, kunguni, mchwa, nzi, sisimizi, nondo, buibui, na wale vidudu wa rangi ya fedha wanaotafuna karatasi na gundi ya vitabu. Yeye mwenyewe hali chakula cha watu, hatafuni nguo wala mbao, hajengi utando wala kiota. Dada yangu alikuwa ameshanunua kopo la dawa ya kupuliza. Nikamuuliza, mende wako wapi? Akanyamaza. Katika nyumba aliyokaa kabla ya hiyo, mende walikuwa mpaka kwenye jokofu.

Huenda msomaji anauliza, je, haumi watu? Anaweza akibanwa, mathalani akikamatwa kwa mkono. Lakini koleo lake ni dogo, mara nyingi halipenyi ngozi ya mtu mzima, na likipenya maumivu yake hulinganishwa na ya nyuki, nayo hupoa. Mwenye mzio wa sumu za wadudu achukue tahadhari kama anavyoichukua kwa nyuki. Tandu mwenyewe akimwona mtu hufikiria kukimbia tu. Zile mbio zinazotutisha, anazozielekeza wakati mwingine hata miguuni petu, ni za kutafuta kivuli, na kivuli kilicho karibu mara nyingine huwa ni chetu.

Kwa tandu mkubwa wa kwetu habari ni tofauti, na sipendi mtu asome makala haya huko Muheza au Kilwa akaenda kumshika kwa mkono. Sumu yake inauma vikali na kuvimbisha, ingawa ni nadra mno kuua. Bibi yangu, bila kusoma kitabu, alifanya lililo sawa: maji ya moto kwa kiasi ambacho mwili unastahimili hupunguza maumivu. Barafu nayo husaidia. Osha jeraha kwa maji na sabuni, meza dawa ya maumivu, usichanje kwa wembe na usifunge kamba. Mtoto mdogo, au mtu yeyote anayevimba uso au kuishiwa pumzi, apelekwe hospitali bila kungoja. Na kiatu kilicholala nje wakati wa mvua kikung’ute kabla ya kukivaa.

Kuna jambo moja ambalo tandu wa makumbi anamshinda mwenzake wa besimenti, nalo ni malezi. Jike wa kwetu hutaga mayai yake kwenye shimo au chini ya gogo, akajikunja kuyazunguka kama mtu aliyekumbatia mtungi, na hukaa hapo bila kuwinda hadi watoto watoke na kupata nguvu. Watoto hao huzaliwa na miguu yote ya utu uzima. Jike wa miguu mirefu hana subira hiyo. Dume na jike wakikutana huzungukana, wakigusana kwa vipapasio, dume huweka kifurushi cha mbegu chini na jike hukichukua. Kisha jike hutaga yai mojamoja, hulivika udongo, huliacha, huenda zake. Katika msimu anaweza kutaga mayai 60 hivi. Mtoto anayetoka ana jozi nne tu za miguu. Akijivua gamba mara ya kwanza anapata tano, halafu saba, tisa, kumi na moja, kumi na tatu, mpaka zifike kumi na tano. Hata baada ya hapo ataendelea kujivua gamba na kukua. Anaweza kuishi miaka mitatu hadi saba, umri mkubwa kwa kiumbe unayeweza kumfunika kwa kikombe cha kahawa. Yule wa bombani huenda alikuwepo kabla dada yangu hajahamia.

Ukoo wake ulikuwepo kabla ya mengi. Karibu na kijiji cha Rhynie huko Uskoti, kwenye miamba yenye umri wa zaidi ya miaka milioni 400, imekutwa miguu ya tandu wa jamii hii hii ya miguu mirefu. Wakati huo hapakuwa na ndege, hapakuwa na ua hata moja duniani, na watambaazi wakubwa wa kale, wale dinosaria, walikuwa bado wako mbele kwa zaidi ya miaka milioni 150.

Udhaifu wake ni ukavu. Ngozi yake haina nta ya kutosha kuzuia maji yasitoke mwilini, kwa hiyo nyumba kavu humuua. Ndiyo maana humkuti sebuleni kwenye zulia, unamkuta bafuni, chini ya sinki, penye bomba linalovuja, kwenye boksi la makaratasi lililonyonya unyevu. Ukiona mmoja mara mojamoja, shukuru. Ukiwaona wengi, nyumba inakuambia mambo mawili: kuna maji yanayovuja mahali, na kuna wadudu wengi wa kuwalisha. Ukipuliza dawa utawaua wao na kuviacha vyote viwili palepale.

Dada yangu alifanya hivi. Alimwita fundi akakaza kiungo cha lile bomba, akaweka mashine ndogo ya kukausha hewa, akainua maboksi kutoka sakafuni, akaziba nyufa za dirisha dogo. Kopo la dawa alilirudisha dukani halijafunguliwa. Tandu wamepungua. Mmoja bado yupo, na mpwa wangu anadai ni yuleyule.

Ninyi mnaoishi huko kwenye nyumba zenye besimenti, nawaomba hili moja. Asubuhi mtamkuta mara nyingine ndani ya hodhi la kuogea, anazunguka, kwa sababu hawezi kupanda ukuta wake unaoteleza. Msifungue maji. Ning’inizeni taulo toka ukingoni hadi chini, mzime taa, mtoke. Atapanda mwenyewe.